Ukibakiwa na siku moja Cusco

Mwanangu Neema,

Hatujambo hapa Uyole. Mvua zimechelewa, na mama yako mwaka huu anapalilia kwa mdomo tu, mgongo umemkataza jembe. Ujumbe wako nimeupata. Unasema semina ya Lima, huko Peru, ikiisha mtapelekwa Cusco, mtaiona Machu Picchu, yale magofu ya mlimani, kisha itabaki siku moja. Wenzako wamekwisha kulipia basi la Bonde Takatifu la Wainka, wale waliotawala huko kabla ya Wahispania. Unauliza uungane nao au la, na kama kuna haja ya kumlipa mwongozaji ilhali simu inaeleza kila kitu. Umeniuliza mimi kwa sababu ya ule mwaka 2004, nilipokwenda Lima kwenye mafunzo ya viazi. Nimeona niandike, maana kwenye simu wewe na mama yako hamniachi nikamaliza.

Usiende nao. Mtafute mwongozaji, lakini mwelekee kusini.

Bonde Takatifu lenyewe halina kosa. Kosa ni kulipakia lote ndani ya siku moja. Mimi nilipanda basi la namna hiyo wiki ya kwanza: Pisac, Ollantaytambo, Chinchero, jua limezama. Kumbukumbu yangu kubwa ni kisogo cha mzee wa Kijerumani aliyekaa mbele yangu. Saa nzima na nusu tulikaa kwenye duka la vitambaa tukioneshwa jinsi sufu inavyotiwa rangi. Kazi nzuri kweli, lakini hatukuulizwa kama tunataka kuiona, na mlango wa kutokea ulipitia kwenye kaunta ya malipo. Ollantaytambo tukapewa dakika arobaini. Mji ambao watu wanaishi hadi leo kwenye vichochoro vilivyopangwa na Wainka, maji yanakimbia kwenye mfereji kando ya milango yao, unaupa dakika arobaini? Ule ni wa kulala. Ukirudi tena siku nyingine, ulale.

Barabara ya kusini inaelekea Urcos, na vituo vyake haviko mbali. Cha kwanza ni Tipón, kilomita kama 25 kutoka Cusco. Unaiacha lami, unapanda mlima kilomita nne hivi. Pale kuna matuta ya ngazi ya Wainka, mapana, kuta za mawe zimenyooka hata leo, na juu kabisa kuna chemchemi. Maji yanateremka kwenye mifereji ya mawe, yanagawanywa, yanaanguka mahali pamoja kwa mikondo minne myembamba iliyo sambamba, kisha yanaendelea chini kunywesha matuta. Yameanza kutiririka kabla Mhispania hajakanyaga pale, na siku niliyofika yalikuwa yakitiririka. Mwaka 2006 chama cha wahandisi wa ujenzi cha Marekani kiliiweka Tipón kwenye orodha yake ya kazi za kihistoria za uhandisi. Nilipoisoma habari hiyo nilicheka. Wamechelewa miaka mia tano.

Hapo ndipo utakapojua kazi ya mwongozaji. Wangu alikuwa mama wa makamo, Kiquechua ndiyo lugha yake ya nyumbani, Kihispania alikipata shuleni, Kiingereza alijifunzia kazini. Hakuanza na tarehe. Aliokota jani la mkaratusi (ndiyo, mikaratusi ileile ya kwetu, imejaa kule, nayo huko imeletwa tu kutoka Australia), akaliweka juu ya maji, akatuambia tubashiri litashika mkondo upi. Watu wazima sita tuliinama juu ya mfereji kama watoto. Ndipo tukaona jinsi jiwe lilivyochongwa mdomoni ili maji yagawanyike sawasawa, hata jani likasita kidogo kabla ya kuchagua. Simu yako haitaokota jani. Akatuonesha pia mawe yaliyochomoza ukutani, moja baada ya jingine kwenda juu. Nilidhani ni mapambo, kumbe ni ngazi ya kupandia tuta hadi tuta bila kula hata kipande cha shamba.

Nilimuuliza kuhusu udongo, unanijua. Matuta ya Wainka, akasema, yalijengwa kwa tabaka: mawe chini, kokoto juu yake, kisha udongo mzuri uliobebwa na watu migongoni. Nikawaza Uluguru mwaka 1955, serikali ya kikoloni ilipowalazimisha watu kuchimba matuta hadi wakaandamana, wakisema udongo wenye rutuba unafukiwa na ule mfu unaletwa juu. Walikuwa na haki. Tuta siyo umbo tu. Haya, naacha, nisije nikageuza barua kuwa semina.

Chini ya Tipón, barabarani, kuna vijimkahawa vingi vinavyochoma mnyama mmoja mzima mzima kwenye oveni, kichwa na meno vikiwamo, na watu wa Cusco wanafunga safari Jumapili kwenda kumla. Ni simbilisi! Wale wale bibi yako aliokuwa akiwafuga jikoni nyuma ya mafiga. Asili yao ni huko Andes, kama viazi vilivyokusomesha, ambavyo sisi tumeng'ang'ania kuviita viazi ulaya. Ulaya navyo vilifika kwa meli za Wahispania. Onja simbilisi, lakini nusu tu, na jioni. Cusco iko mita 3,400 hivi kutoka usawa wa bahari, hapa Uyole ni kama 1,800, kwa hiyo usijidanganye kwamba umezaliwa milimani. Mimi nilijidanganya. Siku ya kwanza nilikula sahani nzima mchana, usiku kichwa kikawa kama kinatwangwa na tumbo likakataa kabisa. Siku ya kwanza pumzika, kunywa supu na chai yao ya majani ya koka, ule mmea wa kokeini. Ila majani yenyewe usiyafungashe kwenye begi kuja nayo nyumbani. Hapa kwetu ni kesi.

Pikillaqta utaipitia haraka. Jina lake kwa Kiquechua ni mji wa viroboto. Ni mji wa watu wa Wari, waliotangulia Wainka kwa karne kadhaa, na umepangwa kwa mistari iliyonyooka, vyumba mamia, kuta ndefu, kivuli hakuna. Chukua kofia. Kilichonifurahisha zaidi ni lango la Rumiqolqa lililo karibu yake, kando ya barabara. Kwa mbele utaona mawe ya Wainka yaliyochongwa yakakaana bila chokaa. Zunguka ubavuni uone nyuma yake: mawe ghafi ya ukuta wa zamani zaidi, wa Wari. Wainka waliukuta ukuta wakauvisha koti. Halafu Wahispania wakaja wakawafanyia Wainka yaleyale kule Cusco, makanisa juu ya kuta zao.

Sasa Andahuaylillas, kilomita kama 40 kutoka Cusco. Hapo ndipo nilikotaka ufike. Ni mji mdogo, uwanja katikati, na miti mikubwa ya pisonay yenye maua mekundu, jamaa wa karibu wa mwambangoma wetu. Kanisa la Mtakatifu Petro kwa nje ni la matofali ya udongo, unaweza kulipita ukadhani ghala. Ndani limefunikwa rangi na dhahabu toka ukuta hadi dari. Limejengwa mwanzoni mwa karne ya 17. Karibu na mlango, Luis de Riaño alichora njia mbili: ya kwenda mbinguni imejaa miiba, ya kwenda motoni imetandikwa maua. Wengi hawakujua kusoma, kwa hiyo ukuta ndio uliowasomea.

Lakini wewe nenda kwenye mlango wa chumba cha ubatizo. Juu yake na pembeni yake yameandikwa maneno yaleyale, nakubatiza kwa jina la Baba na la Mwana na la Roho Mtakatifu, kwa lugha tano: Kilatini, Kihispania, Kiquechua, Kiaymara na Kipukina. Padri wa hapo, Juan Pérez Bocanegra, alizijua lugha za wenyeji na mwaka 1631 alichapisha kitabu cha ibada kwa Kihispania na Kiquechua. Usidhani ni mapenzi matupu. Alitaka watu waache miungu yao, na njia fupi ya kumfikia mtu ni lugha ya mama yake. Hata hivyo Kipukina leo hakina msemaji hata mmoja, na pale mlangoni bado kipo.

Nilisimama mpaka yule mama mwongozaji akaja kunivuta mkono. Nilikuwa nikimfikiria bibi yako, ambaye mchungaji akiongoza sala kwa Kiswahili, yeye anaifuata kwa Kisafwa, kwa sauti, bila kumjali mtu. Wewe Kisafwa unasikia salamu tu. Kosa hilo ni langu, sikulifanya kwa kukusudia lakini nililifanya. Ndani hawaruhusu picha, ndiyo maana hukuwahi kuuona mlango ule nyumbani. Nilinakili maneno ya Kipukina kwenye daftari la viazi, kati ya hesabu za mbegu na namba ya chumba cha hoteli. Daftari lipo kabatini.

Mambo ya fedha: kabla ya kulipa, muulize mwongozaji kama tiketi ya kuingilia imo kwenye bei yake. Tipón na Pikillaqta zimo kwenye ile tiketi ya pamoja ya watalii ya Cusco. Kanisa lina kiingilio chake. Uliza pia kama kuna duka njiani. Akisita kujibu, tafuta mwingine. Ukimpata wa watu wawili watatu, gharama mnagawana, na mkitaka kukaa, mnakaa. Asipopatikana, mabasi madogo ya Urcos yanapita kote huko, yanajaa kama daladala za Mwanjelwa, ila kwa Tipón itabidi upate teksi ya kukupandisha.

Mkirudi, mwombe dereva asimame Oropesa. Ni mji wa waoka mikate. Wanaoka mkate wa duara unaoitwa chuta, mkubwa kuliko sinia letu la wali, una utamu wa mbali. Wangu ulifika Lima bado unalika. Mama yako amesikia habari hiyo wakati naandika, anasema umletee, na uupakie juu, usiuweke chini ya viatu.

Baba yako