Kirumba niliitwa mweupe

Mdogo wangu, juzi uliniuliza kwenye simu, mama akisikiliza: "Dada, ni kweli huko mnabaguliwa? Mbona hurudi?" Nikazuga kwa kicheko. Sasa nakujibu.

Unakumbuka kwetu Kirumba, Mwanza, walivyoniita mweupe? Kwa hii rangi yangu ya maji ya kunde tu, na wauza dagaa wa soko la Mwaloni hawakunijua kwa jina lingine. Nilipotua Chicago nikawa mweusi. Wala hakuna aliyenitukana. Nilipewa fomu, nikaonyeshwa kisanduku.

Kinachoniweka mjini ni kulea wazee, zamu ya usiku. Bibi mmoja alikataa nisimguse, akavuta shuka mpaka kidevuni. Saa nane usiku akataka maji. Nikamnywesha, akanishika kidole asikiachie. Kulipokucha akakataa tena. Dola mnazodhani tunaokota ndizo hizo.

Kinachoniuma zaidi hutoka kwa wanaonipenda. "Wewe si kama weusi wa hapa," wananiambia, eti wananisifu. Mwaka wa kwanza nilitabasamu, na aibu yake ninayo mpaka leo. Maana aliyenivalisha koti baridi iliponikuta na kisweta cha mtumba cha Mlango Mmoja alikuwa jirani yangu, mama mweusi wa hapahapa.

Na kuandika, je? Mhariri mmoja alisoma sura ya mjomba kwenye kitabu changu akauliza ni vita gani vilimuua. Vita! Nikamwambia alizama na MV Bukoba, Mei 21, 1996, meli imekaribia kabisa kufika Mwanza, na mama akashinda bandarini siku tatu na kanga ileile. Akasema wasomaji wake hawataelewa. Sijabadili hata neno. Kitabu kiko kabatini.

Kurudi? Nauli nimeshaila mara mbili kwenye kodi ya nyumba.

Mwaka 2020 sensa ya huku iliweka nafasi chini ya kisanduku cha weusi, ujaze asili yako. Sensa ya kwetu haiulizi kabila, sikuwa na mazoea. Nikaandika Msukuma. Nikafuta, nikaandika Mtanzania. Nikakumbuka bibi mzaa mama alivuka na mtumbwi kutoka Ukerewe, nikafuta tena. Mwishowe nikampigia mama.

"Andika Kirumba," akasema. "Wakikutafuta watakupata."