Korongo wanaoshuka kuoga

Wiki hii mmetuuliza: ni kitendawili gani cha jamii nyingine ambacho umekishika kama chako? Mimi ninavyo vitatu, vyote vya Kipunjabi, lugha ya watu wa Punjab, kule India na Pakistan. Nilivipata nikiwa mtoto, Kisumu, kwa bibi jirani yetu. Wajukuu zake walimwita Biji, na sisi tukamwita hivyo hivyo.

Wapunjabi huviita bujharat, na hutegwa usiku. Mchana Biji alikataa katakata, hata umbembeleze vipi, maana kwao husemwa kwamba ukitega mchana, mjomba wako aliye safarini atapotea njia.

Kimoja kilikuwa kifupi: Nikki jihi kuri, lai paranda turi. Kasichana kadogo kameondoka na paranda yake. Paranda ni nyuzi za rangi zenye vishada ambazo wanawake husukia kwenye nywele. Tulitaja panya, tukataja tiara, na Biji huku anatutazama tu, anashona kifungo cha shati. Jibu lilikuwa mkononi mwake: sindano na uzi.

Kingine kilikuwa cha binti wa kijani, amenawiri, amejaa lulu, amesimama katika bustani ya mfalme akiwa amejitanda shali. Sote tulisema bibi harusi. Kumbe ni hindi bichi! Tangu siku hiyo sijawahi kumenya hindi bila kuiona ile shali.

Lakini kilichonikaa moyoni ni hiki: korongo wanakuja, wanazaa, wanakwenda zao mtoni kuoga. Hakuna aliyekipata, tukampa Biji mji. Jibu ni vyungu vya gurudumu la kisima. Zamani kule Punjab maji ya shamba yalivutwa na ng'ombe au ngamia aliyefungwa macho, akizunguka kutwa nzima. Gurudumu lilizungusha mnyororo mrefu wa vyungu: vinashuka vitupu, vinapanda vimejaa, vinamwaga, vinashuka tena. Kulikuwa na kipande kilichozuia gurudumu lisirudi nyuma, na wenyewe walikiita kutta, yaani mbwa. Biji aliugonga ulimi wake, tik, tik, tik, tukausikia mlio wa yule mbwa pale pale barazani.

Kuanzia miaka ya 1960 visima vya pampu vilienea, na magurudumu yale yakatoweka karibu yote. Punjab yenyewe ilikuwa imeshakatwa mwaka 1947, sehemu India, sehemu Pakistan, ila vitendawili hivi havikugawanywa. Pande zote mbili bado wanavitega. Kinachoniuma ni kuona kitendawili hiki kikiandikwa na jibu lake la neno moja, basi. Mtoto ambaye hajawahi kuona kisima cha namna ile atapata neno tu, na korongo hatawaona.

Wanangu nilipowategea walijibu ndege za abiria. Sikuwapa jibu papo hapo. Niliwatoa nje, nikachora duara mchangani, nikamweka mdogo wao katikati awe gurudumu, wakubwa wakazunguka na vikombe. Mlio wa yule mbwa niliutoa mimi.