Kabla hujarudi Mwanza kusaidia, uliza nani atanunua

Siku tuliyosimamisha chanja za kuanikia dagaa kwenye mwalo mmoja (ufuko wanakotua wavuvi) upande wa Sengerema nilihesabu milunda, yaani nguzo za miti, 160. Niliporudi baada ya miezi saba nikahesabu tena: 71. Mingine ilikuwa imeshapikia ugali, na wavu wa nailoni ulikuwa umezungushiwa bustani ya mchicha kuzuia mbuzi. Dagaa wenyewe walikuwa pale walipokuwa siku zote, chini, mchangani.

Nawasimulia haya kwa sababu mwezi huu nimepigiwa simu na watu watatu walioko nje, na wimbo ni mmoja: kaka, baridi imenichosha, nataka nirudi nyumbani nifanye kitu kwa ajili ya jamii. Karibuni sana. Ila kabla hujakata tiketi, sikiliza jinsi mimi nilivyochoma milioni 11.

Nilikaa Uingereza miaka 19. Nilianza kwa kufagia ofisi usiku kule Leicester, nikamaliza na kampuni yangu ya usafi yenye wafanyakazi 34. Mwaka 2017 nikauza, nikarudi Mwanza, nikijiona nimebeba pesa kiasi na akili ya biashara. Pesa zilifika. Akili nadhani niliiacha uwanja wa ndege.

Wazo la chanja lenyewe halikuwa baya. Dagaa wa mchangani hata umwoshe vipi, meno yatakwaruza. Mvua ikimkuta ameanikwa anaoza, na hapo anauzwa bei ya hasara kwa watu wa chakula cha kuku. Ukimweka juu ya chanja, upepo unampita juu na chini, mbwa hamkanyagi. Maofisa uvuvi wanalisema hilo kila siku. Kwa hiyo nikalipa, mafundi wakaja, mwenyekiti wa kijiji akahutubia, nikapewa jogoo. Picha zilitoka vizuri mno.

Baada ya miezi saba nikamkuta mama mmoja wa pale, kiongozi wa wale waanikaji, ameinama anageuza dagaa kwa ufagio. Mimi humwita Mayu, kama tunavyowaita mama zetu huku Usukumani.

"Shikamoo, mayu."

"Marahaba, mwanangu. Umekuja kuangalia kuni zako?"

Nikakaa kwenye ndoo. Akaendelea kufagia bila kuniangalia. "Ndoo ya dagaa wa mchanga na ndoo ya dagaa wa chanja, mnunuzi ananipa hela ile ile. Huyu wa mchanga namwaga, natawanya, nimemaliza. Wa chanja natandaza kidogo kidogo mpaka kiuno kinaniuma. Sasa hicho kiuno, mwanangu, nani ananilipa?"

Sikuwa na jibu. Na tena pale mwaloni kipimo ni ndoo, kwa hiyo mchanga nao unajaza ndoo. Mimi nilikuwa nimewaletea teknolojia ya kupunguza mapato yao.

Hapa ndipo pa kutafakari, wewe unayepanga kurudi. Leicester nisingenunua hata mashine moja ya kusugulia sakafu bila kujua ni ofisi gani imesaini mkataba. Kwa nini huku nikanunua milunda 160 bila kumuuliza mnunuzi hata mmoja? Nimejiuliza sana. Jibu langu ni kwamba sikuwa nasaidia, nilikuwa nalipa deni. Mama yangu alizikwa mimi nikiwa nasubiri karatasi, nikashindwa kutoka. Miaka yote nilikuwa natuma hela Western Union na kujiona mwana mpotevu. Mtu mwenye deni la namna hiyo anatoa haraka, anatoa hadharani, na hapendi maswali. Kama na wewe unalo, lijue kabla hujafungua pochi. Kaburi la mama unaweza kulijengea kwa hela yako, hakuna atakayekusema. Usilijengee kwa mgongo wa mradi wa kijiji.

Ushauri wangu mkubwa ni huu: kaa mwaka mzima bila kutoa kitu chochote kikubwa. Changia misiba, hudhuria mkutano wa kijiji, kaa nyuma. Watu watakuona bahili. Vumilia. Mimi mwaka huo niliukaa baada ya chanja kunishinda, na nilijifunza mambo ambayo hakuna andiko la mradi lingeniambia. Mfano, giza, yaani siku ambazo usiku hauna mwezi, na mbalamwezi. Dagaa wanavuliwa usiku kwa taa. Zamani karabai, siku hizi taa za sola zimeenea. Mwezi ukiwa mkubwa mwanga wa taa haumvuti dagaa, mitumbwi inalala, mwalo unakuwa kimya kama kanisa siku ya Jumatatu. Maisha yote ya pale yanakwenda kwa hesabu hiyo: madeni, sare za shule, hata sherehe.

Katika mwaka huo ndipo nilipobeba ndoo mbili za dagaa wa chanja, zile chache Mayu alizoniandalia kwa kunihurumia, nikavuka na feri ya Kamanga kwenda soko la Kirumba Mwaloni. Wanaolijua soko hilo wanajua shughuli yake, magunia ya dagaa yanapakiwa mpaka ya kwenda Kongo. Siku mbili nilizunguka nachekwa. "Mzee, hapa tunanunua gunia, hatununui hadithi." Siku ya tatu dada mmoja anayefungasha dagaa kwenye paketi za kuuza madukani aliweka wachache mdomoni, akatafuna, akasikiliza meno yake. Akauliza kama naweza kumletea hao hao kila giza, na akasema atapima kwa kilo.

Hiyo kilo ndiyo ilikuwa mradi. Mchanga ukawa hauna faida tena. Nilipompelekea Mayu bei, sikusimamisha mlunda hata mmoja. Walisimamisha wenyewe, wakaichukua ile 71, na nyingine ikarudi kutoka majikoni ambako nilidhani imeshateketea. (Sikuuliza.) Mimi nilikopesha hela ya wavu na maturubai tu, kwa kina mama 22.

Na hapo napo nikakosea. Nilipanga marejesho kila Ijumaa, kama benki. Wiki ya mbalamwezi ilipofika hakuna aliyekuwa na shilingi, wakaanza kunikwepa njiani, na wengine wakakopa kwingine kwa riba ili wanilipe mimi. Tukabadilisha: marejesho ni mwisho wa giza, na msimu wa mvua nusu. Wawili hawakulipa mpaka leo. Mmoja alihamia Ukerewe. Ninajua alipo, na simfuati.

Mengine nitayapitia haraka.

Si lazima ufungue shirika. Kila anayerudi anataka shirika lenye jina lake na nembo. Ukilihitaji kweli, sheria ni Na. 24 ya mwaka 2002, na usajili una ngazi: wilaya, mkoa, taifa, kimataifa. Usianze na taifa kwa ajili ya sifa, maana ripoti na ada za kila mwaka zinakungoja. Anza kwa afisa maendeleo ya jamii wa kata, mnywe chai, akueleze nini kimeshajaribiwa kikafa. Mimi nilipomfuata, nikiwa nimechelewa, alicheka: chanja zangu zilikuwa za tatu kwenye mwalo ule.

Ukitaka kujenga, tafuta boma. Vijijini wananchi huinua kuta za darasa au zahanati kwa nguvu zao, halafu linabaki limesimama likisubiri bati. Boma lenye majani ndani linakuambia mambo mawili: wananchi walilitaka, na fedha ziliishia wapi. Malizia hilo kwa makubaliano na halmashauri, ujue walimu watatoka wapi, kabla hujaota jengo lako jipya.

Kontena la nguo na vitabu, hapana. Gharama za bandarini peke yake zingesomesha watoto.

Ndugu. Hapa sina utani. Ukitangaza unasaidia wageni, shangazi atakuuliza mbele ya watu kwa nini paa lake linavuja. Na ana haki ya kuuliza. Mimi natenga fungu la ukoo kila Januari, liko kwa dada yangu mkubwa, si kwangu. Anayeomba namwambia, "Dada ndiye anayejua." Dada ni mkali kuliko benki yoyote niliyowahi kukopa. Fungu hilo halichanganyiki na la mwaloni hata kwa shilingi, na lilipoisha mwezi wa nne mwaka juzi, liliisha.

Pasipoti nayo uiangalie mapema. Tanzania hairuhusu mtu mzima kuwa na uraia wa nchi mbili, na asiye raia kwa kawaida hamiliki ardhi ila kwa uwekezaji. Mimi sikubadilisha uraia, ndiyo maana kiwanja changu cha Buhongwa hakikunisumbua. Kuna rafiki yangu alichukua pasipoti ya kule, akajenga kwa jina la mdogo wake, na leo wanaongea kupitia kwa wanasheria. Sasa kuna utaratibu wa hadhi maalumu kwa diaspora. Ulizia Uhamiaji wenyewe, usiulize kwenye magrupu ya WhatsApp.

Wengi mnaniuliza pia kama daraja la Kigongo hadi Busisi limebadilisha mambo tangu lifunguliwe Juni 2025. Kwa malori, sana; foleni ya kivuko pale ilikuwa inaozesha samaki. Mimi bado navuka Kamanga, kwa sababu ndani ya feri ndimo ninamosikia bei kabla Mayu hajaniambia, na huwa hatuelewani.

Giza linaanza Alhamisi. Nikivuka sitapatikana kwenye simu kirahisi, kwa hiyo ninyi watatu mtumie meseji, nitajibu mbalamwezi.