Mtunzi Mmoja, Kazi Tatu

SWALI: Ndugu Mhariri, je, mtunzi wa muziki aliyezoea filamu anaweza kuhamia kwenye televisheni na jukwaani bila kuanza upya?

JIBU: Anaweza, ila kitakachomsumbua si noti bali muda. Filamu kwa kawaida hupita fremu 24 kwa sekunde, na picha ikishahaririwa haimsubiri mtu. Ndiyo maana wapigaji wengi hurekodi wakiwa wamevaa hedifoni zenye mlio wa kuhesabia mapigo, ili ngoma iangukie pale pale mlango unapofungwa. Jukwaani mambo ni kinyume. Mwigizaji akichelewa kuingia, au watazamaji wakicheka kupita kiasi, kiongozi wa okestra hurudia kipande kifupi kilichoandikwa makusudi kwa dharura hiyo, macho yake yakiwa kwa mwigizaji, mpaka neno linalosubiriwa litamkwe. Mtunzi asiyeandika nafasi ya namna hiyo ataaibika usiku wa kwanza.

Televisheni, kwa maoni yangu, ndiyo shule bora, kwa kuwa tamthilia zake mara nyingi hudai muziki mpya kila wiki na kumlazimisha mtu aandike haraka. John Williams wa Marekani, aliyezaliwa mwaka 1932, alipiga piano katika studio za Hollywood na kutungia vipindi vya televisheni kabla ya filamu kumpatia tuzo 5 za Oscar. Basi zipokee hata kazi ndogo, lakini mkataba utaje wazi ni nani atakayemiliki haki za muziki huo.