Lebo kubwa ikikuita, nenda na Dodoma yako mdomoni

Wiki hii dogo mmoja wa Manyoni kanitumia meseji ndefu, nusu maandishi nusu voisi. Anachana, yaani anarap, toka akiwa form two, na sasa kuna lebo kubwa ya Dar imemwita, wanataka asaini wamtengenezee albamu ya kwanza yenye bajeti, video na kila kitu. Shida yake hii hapa: "Kaka, wanasema kuchana tu hakulipi, nipunguze mistari niweke viitikio vya kuimbika. Na wana wa huku wameshaanza kusema nimeuza asili yangu, hata kusaini bado. Nifanyeje?" Nilimjibu kifupi kwa simu afu nikaona hapana, hili niliandike, maana najua mnaosoma hapa wengi mnasubiri simu hiyohiyo, mna ngoma kwenye flashi na mnaamini siku moja mtaitwa, na mimi naamini mtaitwa.

Kabla ya stori yangu naanza na Wiz Khalifa, rapa wa Marekani, sababu albamu yake ya Rolling Papers ndo niliyoisoma kama kitabu kabla sijasaini popote. Ilitoka Machi 29, 2011, mimi nikiwa sekondari hapahapa Dodoma. Kwetu ilifika kupitia jamaa wa kujaza nyimbo kwenye memori kadi pale Majengo, unampa hela yake anakutilia albamu nzima. Wengi tulikuwa tunaijua Black and Yellow tu, tukajua huyu ni jamaa mpya, katokea juzi kang'aa. Nilipoanza kuuchukulia muziki kama kazi ndo nikafuatilia na kukuta jamaa alishapigika sana kabla ya hapo.

Sikiliza mtiririko wake. 2006 alitoa albamu ya kwanza chini ya Rostrum, lebo ndogo ya mji wa Pittsburgh alikokulia. 2007 akasaini Warner Bros., kampuni kubwa ya dunia, yaani kwa hesabu zetu za kitaani pale ndo ametoboa. Singo ikatoka, albamu haikutoka. 2009 akaondoka Warner bila albamu, akarudi kwa wale wadogo wa nyumbani, mwisho wa mwaka huohuo akatoa albamu nyingine nao. Aprili 2010 akaachia miksteipu (mkusanyo wa nyimbo usio albamu rasmi) ya bure mtandaoni, Kush & Orange Juice, na hiyo ndo ikamkusanyia watu kweli kweli (mambo ya majani, yaani bangi, kwenye majina ya kazi zake tuyaache hukohuko, kwetu ni jela na sikushauri). Baada ya hapo ndo Atlantic, lebo nyingine kubwa, wakaja na mkataba. Kwahiyo hii Rolling Papers tunayoiita albamu yake ya kwanza ya lebo kubwa ilitoka miaka minne baada ya kusaini lebo kubwa mara ya kwanza! Na mkataba wa pili ulimkuta ana watu wake tayari, hakwenda kuomba, walimfuata.

Sasa njoo kwenye hiyo Black and Yellow maana hapa ndo penye somo lenyewe. Biti walitengeneza Stargate, wale maprodyuza wa Norway waliofanya kazi na kina Rihanna na Ne-Yo, pop kabisa, imetengenezwa ipigwe kila redio. Lakini jamaa juu ya biti hiyo ya kila mtu akaimba nini? Akaimba gari lake lenye rangi za Pittsburgh, nyeusi na njano, rangi zinazovaliwa na timu za mji ule. Februari 2011 timu yao ya Steelers ikafika Super Bowl, fainali ya mpira wa Kimarekani, wakafungwa na Green Bay Packers, ila wimbo ukawa umeshabebwa na mji mzima, na mwezi huohuo ukakaa namba moja Marekani. Albamu ilipotoka ikaingia namba mbili kwenye chati ya Billboard, kama nakala 197,000 wiki ya kwanza, aliyekuwa juu yake ni Britney Spears.

Umeona? Wimbo wa nyumbani kuliko yote ndo uliomfikisha kwa wageni. Nikiwaambia watu hili wanasema ah ni bahati ya mpira. Sio bahati, jamaa aliingia kwa mabosi na mji wake mdomoni.

Na bado walimsema. Wachambuzi waligawanyika, na mashabiki wa miksteipu wakalalamika kwamba amelainika, amekuwa wa pop. Mi mwenyewe nasema wazi albamu ile katikati inalegea, kuna nyimbo naziruka mpaka leo. Ila angalia kitu kimoja ambacho watu hawakisemi: pamoja na maprodyuza wakubwa wote wale, humo ndani wapo pia ID Labs, studio ya Pittsburgh aliyoanza nayo. Hakuwaacha. Hilo tu lilinitosha.

Haya, yangu. Miaka ya mwanzo nairuka, ni ileile ya kila mtu, kurekodi kwenye chumba chenye magodoro ukutani, kubembeleza shoo za wanachuo pale UDOM, kulipwa soda. Kilichobadilisha ni wimbo mmoja ambao kiitikio chake kinaanza na "Mbukwenyi". Kwa wa mbali, hiyo ni salamu ya Wagogo, ukiingia kijiji chochote huku ukaitoa watu wanafunguka. Chini yake niliweka muheme, ile ngoma inayopigwa na akina mama, wamama wanaipachika katikati ya mapaja na kuipiga huku wanaimba. Shangazi yangu na wenzake walitoka Mvumi wakaja kurekodi Chang'ombe, prodyuza wetu akahangaika na maiki moja mpaka ikakaa. Wimbo ule wanachuo waliuimba kuliko mimi, nao wakienda likizo wakaupeleka makwao. Ndo lebo ya Dar ikanipigia.

Nikaenda. Ofisi nzuri, kiyoyozi, watu wapole. Wakaniwekea mezani albamu kama ile ya dogo wa Manyoni, viitikio vya kuimbika, kolabo na waimbaji wenye majina, rap kidogo kama chumvi. Sikukataa, na sioni aibu kusema sikukataa! Mtu anayechana na akataka kusikilizwa na mama muuza samaki Tanga hana dhambi yoyote. Ila walipofika kwenye wimbo wa Mbukwenyi, meneja mmoja akasema tuurudie upya, neno litoke, muheme itoke, iwekwe ngoma ya kwenye kompyuta. "Nani ataelewa hilo neno Mtwara?" Nikamwambia bosi, hata wewe hujalielewa ila toka asubuhi unalipiga kwa vidole hapo mezani. Tulibishana siku ile na siku zilizofuata, wakanitishia kuutoa kwenye albamu, nikawaambia basi na mimi nitoeni. Mwisho wakakubali ubaki kama ulivyo, ila wakaukataa usiwe singo. Wakatoa wanazozitaka wao kwanza, hela ya promo ikaenda huko.

Hizo singo hazikwenda popote. Wimbo wa shangazi ulitoka bila promo yoyote ukaenda. Nimeusikia kwenye basi la Mwanza, nimeusikia kwenye harusi Mpwapwa, nimetumiwa video ya watoto wa shule huko kusini wanasema "Mbukwenyi" bila kujua Dodoma iko upande gani wa ramani. Nasema haya kwa kujivuna na nina haki ya kujivuna, maana nilikuwa peke yangu ndani ya kile chumba.

Kinachouma ni upande wa pili. Wana niliokua nao, tuliolala studio pamoja, albamu ilipotoka walisikiliza zile nyimbo za kuimbika tu wakafunga faili. Nimeuza. Nimekuwa mtu wa Dar. Mmoja, ambaye nilimfundisha hata kuhesabu mapigo ya biti, akarekodi wimbo mzima kunishusha, akataja mpaka vitu vya familia yangu. Nilirudi kufanya shoo hapa mjini nikawaona wamesimama nyuma mikono kifuani, nilipotoa salamu ile ya kiitikio ukumbi mzima ukajibu isipokuwa wao. Miaka imepita, nikikutana naye Sabasaba ananipita kama nguzo ya umeme. Inauma mpaka leo, siwezi kusema nimeshasahau.

Kwahiyo dogo, na wewe mwingine unayesoma, nikuambie ninachokijua. Jenga watu wako kabla lebo haijaja. Usiende Dar kutafuta watu, nenda ukiwa na watu. Khalifa aliingia Warner akiwa hana watu wa kutosha, akakaa benchi, akaingia Atlantic akiwa na watu, wakamsikiliza. Huku kati tuna bahati ambayo hatuioni, tuna vyuo vimejaa vijana kutoka kila mkoa, UDOM, Mipango, CBE, St. John's, ukimshika mwanachuo mmoja wa Kigoma umeshafika Kigoma. Wewe unakaa unalia redio za Dar hazikupigi.

Pili chagua kitu kimoja cha nyumbani ambacho hutakitoa hata wakikuonyesha mlango. Kimoja tu. Ukijifanya kukataa kila kitu watakuchoka na wana haki, wameweka hela zao. Mengine wape, wakitaka kiitikio kitamu wape, wakitaka biti ya kuchezeka wape, kuimba sio kosa. Ila kile kimoja kiwe chako. Inaweza kuwa lugha, inaweza kuwa zeze, inaweza kuwa jina la mtaa. Marehemu Hukwe Zawose, mwanamuziki wetu wa Kigogo, alifika mpaka kurekodi na lebo ya Real World ya kule Uingereza akiwa na zeze na ilimba (ala ya kupigwa kwa vidole gumba) na Kigogo chake, hakuna aliyemwambia Wazungu hawataelewa, na kama yupo aliyemwambia basi mzee hakumsikiliza. Sisi wajukuu zake tunaogopa hata kutaja mtaa wetu wa Nkuhungu kwenye wimbo.

Tatu, mkataba. Hapa mnanichosha kwa kweli, mnapiga picha mnasaini, mnaposti, afu miezi ikipita mnaniuliza maana ya ulichosaini. Ile hela ya mwanzo wanayokupa sio zawadi, ni hela inayorudishwa kutoka kwenye mgao wako kabla hujaona hata shilingi, pamoja na mara nyingi video, studio na usafiri. Uliza masta za kurekodi, yaani rekodi zenyewe za nyimbo, zinakuwa za nani na kwa miaka mingapi, uliza utunzi ni wa nani, hivyo ni vitu viwili tofauti na vijana wengi mnadhani ni kimoja. Uliza kama wanakata asilimia mpaka kwenye shoo na matangazo. Huyohuyo Wiz 2016 alifungua kesi dhidi ya Rostrum, wale wa nyumbani waliomlea, kuhusu mkataba aliousaini akiwa mdogo, sasa wewe unayesema "hawa ni kama familia" unategemea nini? Sheria ya hakimiliki tunayo toka 1999, kasajili nyimbo zako COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla hujapanda treni, na tafuta mwanasheria, mji huu umejaa wanasheria toka serikali ihamie huku, huwezi kukosa mmoja wa kukusomea kurasa hizo.

Na kuhusu wana kusema umeuza. Mdogo wangu, watasema. Jenga watu wako, shika kile kimoja chako, na watasema tu. Tofauti ni kwamba ukiwa umekishika utajua moyoni wanasema uongo, ukiwa umekitoa utajua wanasema kweli, na hiyo ya pili sidhani kama mtu anaweza kuishi nayo akasimama jukwaani. Vijana wa Dodoma tuache huu ugonjwa wa kumvuta miguu anayepanda. Mji wa Pittsburgh ulimbeba mtoto wao mpaka namba moja, uwanja mzima unaimba wimbo wake, sisi akitokea mmoja tunakaa kona kumpima kama bado anakula ugali wa mtama. Tubadilike jamani, na nasema hili nikiwatazama usoni mnaonijua.

La mwisho ambalo sikulisema kwenye simu: yule prodyuza wako wa Manyoni aliyekurekodi bure, jina lake liandikwe kwenye mkataba wa albamu, na asilimia yake kwa nyimbo alizotengeneza iandikwe kwa tarakimu, kabla hujasaini. Ukishasaini hutakuwa na nguvu ya kumwombea. Shangazi na wenzake wa Mvumi wanalipwa mpaka leo kwa muheme yao kwa sababu nilikataa kushika kalamu mpaka majina yao yote yameingia kwenye karatasi, na meneja aliyesema hilo ni jambo dogo tutalimaliza baadaye ndo yuleyule aliyetaka muheme itoke.