Kwa mliofika Kampala karibuni

Ndugu zangu mliotoka Kongo mkavukia mpakani Bunagana au Mpondwe na sasa mnapanga chumba Nsambya, Katwe ama Makindye, habari za kadi ya ukimbizi na za kodi ya chumba mtaelezwa na kila mtu. Mimi nataka tuongee upweke.

Sheria ya Wakimbizi ya Uganda ya 2006 inakuruhusu kufanya kazi na kwenda utakako. Ila msaada mwingi uko makambini, Nakivale au Kyangwali. Aliyechagua jiji anajitegemea. Ndiyo maana wengi wetu huanza na vitenge: mzigo begani, kimoja umekitandaza mkononi rangi zionekane, unaingia saluni moja hadi nyingine. Hata ukihisi leo hutauza, toka. Ukishinda chumbani na simu, mwili uko Kampala, akili iko Goma.

Kabla ya kutaja bei, salimia kwa Kiganda: "Wasuze otya, nnyabo?" yaani, umeamkaje, mama? Kisha subiri akujibu, usikimbilie biashara. Ukimwanza mama mtu mzima kwa Kiswahili anaweza kukunja uso. Enzi za utawala wa Idi Amin, Kiswahili ndicho walichokisikia kwa wanajeshi, na waliotishwa wakati ule hawajasahau. Hana ugomvi na wewe.

Simu nayo ina ulevi wake. Mwaka 2025 waasi wa M23 walipoingia Goma mwezi wa Januari, na Bukavu mwezi uliofuata, tulikesha na ujumbe wa sauti wa WhatsApp. Nyingine zilikuwa za zamani, zimezungushwa upya, na watu wakalia matanga ya walio hai. Chagua mtu mmoja wa kuaminika kule nyumbani, mpigie jioni, yaliyobaki futa.

Halafu kuna ndoto ya kuhamishiwa Marekani. Hapa nitawaudhi wengine. Kufanyiwa intavyuu si kupanda ndege. Januari hiyohiyo ya 2025 Marekani ilisimamisha kupokea wakimbizi, na waliokuwa wanasubiri tarehe wakabaki palepale. Kwa hiyo kitanda usikiuze. Mtoto aanze shule muhula huu huu, maana nimeona waliomkalisha nyumbani mwaka mzima eti "tunaondoka." Kwaya ikikuita, imba, hata kama unajiambia hutakaa.

Na jirani Mganda mpatie nambari yako, uchukue na yake, kabla hujaugua. Malaria ikikupanda usiku, yeye ndiye atakayekuitia boda na kukusemea kwa muuguzi.