Mume wako hajala marejesho

Shangazi, shikamoo.

Mimi na mume wangu tulichukua mkopo wa nyumba miaka minne iliyopita: milioni 100, riba asilimia 12 kwa mwaka, kulipa kwa miaka 20. Rejesho la mwezi ni 1,101,086. Natoa nusu, naye anatoa nusu, kisha yeye ndiye anayepeleka benki. Mwezi uliopita nilikuwa natafuta karatasi za bima kabatini nikakutana na taarifa ya mkopo. Tumeshalipa karibu milioni 53, lakini salio limeandikwa 93,811,251! Nilimuuliza, akanijibu, "Ndivyo ilivyo," akaendelea kufunga viatu. Nikamwambia mbele ya watoto kwamba amekula hela zangu. Leo wiki ya tatu analala sebuleni. Mama mkwe naye ananipigia kuniambia kukopa harusi, kulipa matanga.

Sasa benki imetuletea fomu: deni lililobaki lipangwe upya kwa miaka 20, rejesho lishuke hadi 1,032,942. Mume anataka tusaini. Mimi nina miaka 41, yeye 46. Tena nikiri kwako tu, nina laki moja ninayoiweka pembeni kila mwezi, mwaka wa pili huu, na yeye hajui. Nimwamini mtu huyu?

Mimi, Mwenye Nyumba ya Benki

*

Marahaba, mwanangu.

Barua yako niliisoma mara ya kwanza nikiwa upande wako kabisa, nimeshakunja na uso. Mara ya pili nikachukua penseli. Jina la benki na la fedha yenu nimeyafuta msije mkatambulika, ila hesabu haijali noti ina picha ya nani.

Nianze na lililokukaba kooni. Mumeo hajala kitu. Hilo salio ulilolikuta ndilo hasa linalotakiwa kuwepo kwenye mkopo kama wenu ukishalipiwa marejesho 48 kwa wakati, bila kuruka hata moja. Nimelipiga mara mbili, limekuja lilelile. Angekuwa amechepusha miezi miwili tu, deni lingekuwa juu ya hapo na faini za kuchelewa ungezikuta zimeandikwa. Karatasi uliyoishika kama ushahidi dhidi yake ndiyo inayomtetea.

Basi milioni 53 zimekwenda wapi? Chukua mwezi wa kwanza. Siku hiyo mlidaiwa milioni 100. Riba ya asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, na asilimia 1 ya milioni 100 ni milioni nzima. Mlipeleka 1,101,086. Benki ikakata milioni yake kwanza, zikabaki 101,086, na hizo ndizo zilizogusa deni. Nusu yako, 550,543, yote ilikwenda kwenye riba, na sehemu kubwa ya nusu ya mwenzio ikaifuata hukohuko.

Mwezi wa pili mkadaiwa 99,898,914. Riba ikawa 998,989, deni likapungua kwa 102,097. Umeona hatua yenyewe? Kutoka mwezi wa kwanza hadi wa pili, kilichohama kutoka upande wa riba kwenda upande wa deni ni 1,011. Kila mwezi kinaongezeka kidogo, lakini ndiyo mwendo wa konokono. Rejesho lenu la 48 lilipunguza deni kwa 161,360 tu. Rejesho la kwanza ambalo zaidi ya nusu yake itakwenda kwenye deni lenyewe badala ya riba ni la 172. Mtakuwa katika mwaka wa 15. Na deni litafika nusu ya lile la mwanzo miezi michache baada ya hapo.

Mimi riba naiita kodi ya pesa, maana ndivyo ilivyo. Mmepanga fedha za watu, na miaka ya mwanzo mmepanga nyingi, kwa hiyo kodi ni kubwa. Hakuna aliyewaibia. Lakini hakuna aliyewaonyesha jedwali la marejesho pia, au lilionyeshwa siku ya kusaini katikati ya karatasi 40, kalamu ikiwa tayari mkononi, ambayo kwangu ni sawa na kutoonyeshwa. Mkimaliza miaka 20 yote mtakuwa mmetoa 264,260,640. Kati ya hizo, riba ni milioni 164 na zaidi. Hiyo ndiyo bei ya mkopo wenu, na mlitakiwa muijue siku ile mnapiga picha na funguo.

Usiiangalie namba hiyo ukakata tamaa, kwa sababu mbili. Kwanza, 1,101,086 ya mwaka wa 20 haitakuwa na uzito wa ya leo. Bei za vitu hupanda, mishahara huwa inapanda nyuma yake, rejesho linabaki palepale. Pili, msingekuwa na mkopo mngekuwa mnalipa pango kwa mtu mwingine, na pango halina mwezi wa mwisho. Lakini hapo nina swali ambalo barua yako haikulijibu: riba yenu ni ya kudumu au inabadilika? Tafuta kwenye mkataba. Kama inabadilika, ikipanda kesho kutoka 12 hadi 14, deni mlilobakiwa nalo litadai karibu 1,227,000 kwa mwezi. Ongezeko la 126,000, bila mtu yeyote kukosea.

Tuje kwenye fomu ya benki. Hii ndiyo iliyonifanya niandike jibu hili leo badala ya wiki ijayo.

Wanawapunguzia 68,144 kwa mwezi. Inaonekana hisani. Mkiendelea na mkopo wa zamani mmebakiza marejesho 192, jumla yake 211,408,512. Mkisaini mpya mnaanza 240, jumla yake 247,906,080. Tofauti ni milioni 36 na nusu. Ongeza na mlizokwisha kulipa, nyumba iliyokopewa milioni 100 itakuwa imetoka mifukoni mwenu kwa milioni 300. Na mumeo atakuwa analipa akiwa na miaka 66. Kwa mshahara gani?

Hapo sijaweka gharama za kuanza upya: ada ya kushughulikia mkopo, mthamini wa nyumba, mwanasheria, kusajili rehani upya, bima. Bima ya mkopo iangalie kwa makini. Wapo wanaokutoza yote kwa mkupuo na kuiongeza juu ya deni, na papo hapo nayo inaanza kuzaa riba miaka 20. Ulikuwa unatafuta karatasi za bima kabatini. Rudi ukazitafute, uone yenu ililipwaje.

Na wakikupa asilimia nyingine yenye sura nzuri, uliza inakokotolewa juu ya nini. Mtu anaweza kukuambia riba ni asilimia 7 tu, ukafurahi. Lakini kama ni 7 ya milioni 100 ileile kila mwaka, hata mwaka ambao deni limebaki milioni 5, basi kwa miaka 20 ni milioni 140 za riba, na ukilinganisha na mkopo ambao riba yake hufuata salio linalopungua, hiyo 7 ni karibu 10 na nusu. Mchezo huu ni wa zamani. Marekani ilitunga sheria mwaka 1968 kuwalazimisha wakopeshaji waonyeshe gharama ya mkopo kwa asilimia moja ya mwaka inayolinganishika, ada zikiwemo. Umoja wa Ulaya nao ulitoa agizo lake kuhusu mikopo ya nyumba mwaka 2014. Popote ulipo, swali la kumwuliza afisa mikopo ni moja na unaweza kuliuliza bila kusoma uhasibu: nikilipa kila kitu mpaka siku ya mwisho, nitakuwa nimetoa jumla ya shilingi ngapi, au dola ngapi, au chochote mnachotumia? Aandike. Asiyetaka kuandika, mshukuru, nyanyuka.

Kuna wakati kurefusha mkopo ni sawa. Mtu amepoteza kazi, ameugua, amekosa marejesho mawili na dalali anazunguka nje. Huyo asaini, milioni 36 za baadaye ni afadhali kuliko nyumba kupigwa mnada leo. Kwenu sijaliona hilo. Ila nina wasiwasi, nitaurudia.

Sasa laki yako moja ya siri. Kwa mwaka na miezi yake umeshafikisha kitu, na hicho usikiguse. Mwenye mkopo wa nyumba asiye na akiba ya marejesho mawili matatu analala na jicho moja wazi. Ninachozungumzia ni laki za kuanzia sasa. Ukiziongeza juu ya rejesho kila mwezi, mkapeleka 1,201,086, mkopo wenu hauishi baada ya miezi 192. Unaisha kwenye mwezi wa 153. Miaka mitatu na miezi mitatu imekatwa, na jumla mtakayolipa inapungua kwa milioni 28. Kwa nini laki moja iwe na nguvu kiasi hicho? Kwa sababu riba ya mwezi imeshakatwa kwenye rejesho la kawaida. Laki hiyo inaingia mzimamzima kwenye deni. Rejesho lenu la kwanza, pamoja na ukubwa wake wote, lilifanya kazi sawa na hiyo laki.

Kabla ya kuanza, soma kipengele cha kulipa kabla ya muda. Mikataba mingine ina ada, mingine inaruhusu kiasi fulani kwa mwaka bila ada. Kisha waandikieni benki barua, siyo kumwambia mtu dirishani, kwamba nyongeza ni ya kupunguza deni halisi na muda wa mkopo ufupishwe. Bila hivyo wanaweza kuihesabu kama rejesho la mwezi ujao lililowahi, ikakaa hapo bila faida kwenu. Mwezi unaofuata omba taarifa uangalie salio lilishuka kwa kiasi gani. Ni mstari mmoja tu wa kuangalia.

Lakini huwezi kupeleka laki hiyo bila kusema imetoka wapi. Ndiyo maana nasema mna kesi mbili humo ndani, na wewe ni mshtakiwa katika moja. Umemwita mwenzio mwizi mbele ya watoto, huku wewe mwenyewe una bahasha. Simaanishi bahasha ni dhambi. Mwanamke kuwa na akiba yake mimi nimeitetea hapa miaka yote. Ila ukitaka daftari lake liwe wazi, lako nalo lifunguliwe. Na yale maneno yaliyosemwa watoto wakisikia, yaombewe radhi watoto wakisikia. Sitakupa njia ya mkato hapo.

Yeye naye sikumsamehe. "Ndivyo ilivyo" si jibu la kumpa mtu aliyetoa nusu ya kila rejesho kwa miezi 48. Nadhani, na hapa nakisia, hakukujibu kwa sababu hana maelezo. Aliiona namba ileile uliyoiona wewe, pengine mwaka jana, pengine mwaka juzi, ikamtisha, akaikunja na kuificha chini ya karatasi za bima.

Na huo ndio wasiwasi wangu. Mtu mwenye akili timamu hang'ang'anii kurefusha deni miaka minne zaidi kwa ajili ya 68,144 kwa mwezi isipokuwa hizo 68,144 zinamuuma mahali. Gawa kwa mbili: kwenye nusu yake ni 34,072. Mwanamume anayetaka kufunga mkataba mpya wa miaka 20 ili apate nafuu ya 34,072, je, nusu yake ya rejesho bado anaitoa kwenye mshahara? Au anakopa sehemu nyingine kila mwisho wa mwezi? Mshahara wake umepunguzwa akakaa kimya? Mimi sijui. Wewe unaweza kujua leo jioni.

Kwa hiyo usiende sebuleni na kikokotoo. Nenda na bahasha yako, mwambie ina nini, na umwambie Shangazi amepiga hesabu akakuta marejesho yote 48 yalifika. Halafu muulize hizo 34,072 anazitafutia nini, na unyamaze mpaka ajibu, hata akichukua muda. Akikuambia kweli amebanwa, laki yako itafanya kwanza kazi ya kumwokoa yeye kabla ya kukimbizana na mwezi wa 153, na hesabu tutazipanga upya, niandikie. Fomu ya benki irudisheni kwenye bahasha yake, bila saini.

Shangazi